Sandwichi za Tango za Bibi Benedict



Mwezi huu nataka kuzungumza nanyi habari ya jambo la jikoni, nalo ni dogo: kile kipako cha jibini na tango kitiwacho kati ya vipande viwili vya mkate, kikaandaliwa siku ya arusi au siku ya wageni wa heshima. Najua wako waume watakaocheka, wakisema, "Mwalimu ameacha chaki, ameshika mwiko." Na wacheke. Lakini mtu aliyealika wageni sitini, kisha akaona chakula chake kimeharibika mbele ya macho yao, huyo hacheki. Nami nilikuwapo siku moja jambo hilo lilipotokea.

Ilikuwa karamu ya chai baada ya arusi, nyumbani kwa mwalimu mwenzetu ambaye sitamtaja jina. Mkewe ni mwanamke wa usafi na bidii. Saa mbili ya asubuhi alikuwa amekwisha kukwaruza matango matatu makubwa, akayachanganya na jibini, akapaka mikate, akaikata vipande vyembamba vya kushika kwa vidole viwili, akavipanga katika masinia na kuvifunika vizuri. Wageni wakaja saa kumi. Tulipoinua mkate, mkate ukakatika. Nusu ikabaki mkononi na nusu ikaanguka sahanini. Wengine walitoa leso wakaficha vyao. Mzee mmoja aliyevaa kanzu nyeupe alidondokewa kifuani na maji ya kijani, naye kwa kuwa ni mtu wa adabu alijifuta tu, akasema polepole, "Mwanangu, mkate huu umelia." Watu wakacheka kidogo. Bibi wa nyumba akaingia ndani, asitoke tena hata wageni walipoaga.

Neno lile lilinikaa moyoni, maana mama yule alikuwa amefanya kazi tangu alfajiri, tena alikuwa ametoa fedha nyingi, kwa kuwa jibini ile laini si rahisi kwa mshahara wa mwalimu. Kosa lilikuwa wapi? Nikaanza kuuliza na kusoma, nikaona ya kuwa chakula hiki kina kwao, na huko kwao njia ya kuliepuka kosa lile yajulikana tangu zamani.

Mji wake ni Louisville, katika jimbo la Kentucky nchini Marekani, nao umejengwa ukingoni mwa mto mkubwa uitwao Ohio. Watu wa mji ule hukiita kipako hiki Benedictine. Wao hukipaka mkate mweupe ulioondolewa magamba, wakaukata vipande vidogo kwa karamu za mchana, na hasa siku za mashindano ya farasi yaitwayo Kentucky Derby. Mashindano hayo yamefanyika mjini mwao kila mwaka tangu 1875, na kwa desturi huwa Jumamosi ya kwanza ya mwezi wa Mei. Siku hizo nyumba hujaa wageni, na sinia la sandwichi za kijani hafifu halikosekani.

Wengi wasikiapo jina hilo hudhani ni chakula cha watawa wa Mtakatifu Benedikto, au kwamba ndani yake mna kile kileo cha Ufaransa chenye jina lilo hilo. Sivyo. Ni jina la mwanamke mpishi, Jennie Carter Benedict, aliyezaliwa mwaka 1860 akafa mwaka 1928. Mwaka 1893 alianza kazi katika jiko dogo lililojengwa nyuma ya nyumba ya kwao, akapokea maagizo ya watu waliotaka kupikiwa vyakula vya arusi na karamu. Alikwenda pia Boston kujifunza katika shule ya upishi ya mji ule, ambako alifundisha Fannie Farmer. Huyo Fannie Farmer ndiye aliyetoa kitabu cha upishi mwaka 1896, akasisitiza kwamba kipimo kiwe sawasawa: kijiko kimoja maana yake ni kijiko kilichojazwa, kisha kikasawazishwa juu kwa kisu, wala si kijiko chenye kilima. Sisi tuliozoea kupima kwa kiganja na kwa jicho twaweza kuona ni ushupavu tu. Naomba msomaji alishike jambo hili la kijiko, maana tutalirudia.

Bibi Benedict aliendelea, akafungua duka na mahali pa kulia chakula katika barabara ya nne ya mji wake, akatoa kitabu chake cha upishi mwaka 1902, kiitwacho The Blue Ribbon Cook Book. Akaendesha kazi yake hata mwaka 1925, ndipo alipoiuza. Ajabu ni kwamba kile kipako kilichochukua jina lake hakimo katika kitabu cha 1902. Kitabu kilipochapwa upya mwaka 2008, ndipo wachapishaji walipokitia. Kwa nini yeye mwenyewe alikiacha? Mimi naona si vigumu kukisia: mwenye duka hatoi bure njia ya kitu kinachomletea wanunuzi mlangoni. Lakini hayo ni mawazo yangu tu.

Sasa tuje kwenye kipimo chenyewe, kama kijulikanavyo kuwa ni chake. Chukua jibini laini ya malai, ile nyeupe ya kupaka, kadiri ya gramu 225. Tia maji ya tango vijiko 3 vya mezani. Maji ya kitunguu kijiko 1 cha mezani. Mayonezi vijiko 2 vya mezani. Chumvi kijiko 1 cha chai. Pilipili kali ya unga, chembe chache tu zishikwazo kwa ncha za vidole. Na rangi ya kijani ya chakula matone 2. Basi, ndiyo yote.

Tazama vema, ndugu yangu, uone lililo humo na lisilokuwamo. Tango lenyewe halimo. Limemenywa, likakwaruzwa, likafungwa katika kitambaa safi, likakamuliwa. Maji yake yakapimwa kwa kijiko, na nyama yake ikawekwa kando. Kitunguu nacho kimefanyiwa vivyo hivyo. Kilichoingia katika jibini ni harufu na ladha, nacho kimeingia kwa kiasi kinachojulikana.

Ukitaka kujua faida ya jambo hili, piga hesabu pamoja nami. Katika kila sehemu 100 za tango, kadiri ya sehemu 95 ni maji. Tango moja kubwa lenye uzito wa gramu 300 lina maji gramu 285, yaani zaidi ya kikombe cha chai. Mama yetu wa siku ile alitia matango matatu. Basi alikuwa ametia kati ya mikate yake maji kama vikombe vinne! Kweli maji hayo hayakutoka yote, wala hayakutoka mara moja. Saa mbili ya asubuhi kipako kilikuwa kizito na kizuri, naye alikionja akaridhika. Lakini kilikuwa na chumvi, na chumvi ilikuwa kazini tangu asubuhi hata saa kumi, ikiyavuta maji kutoka katika tango na kuyatoa nje, nao mkate uliyanywa yote uliyoweza kunywa. Bibi Benedict alitia vijiko vitatu. Vijiko vitatu vya mezani ni kama gramu 45. Hapo ndipo ile habari ya kijiko kilichosawazishwa inapopata maana yake, kwa kuwa vijiko vinavyozidi vitatu, pamoja na kile cha kitunguu, vyaweza kuigeuza jibini ikawa uji.

Waalimu wenzangu, jambo hili la chumvi lafaa kuonyeshwa darasani, tena halina gharama. Kateni vipande vya tango vilivyo sawa, vigawanyeni katika sahani mbili, nyunyizieni chumvi vile vya sahani moja, vya pili viacheni. Baada ya nusu saa wapeni watoto wavitazame na kuvigusa. Sahani yenye chumvi itakuwa na kidimbwi, na vipande vyake vitalegea hata vyaweza kukunjwa bila kuvunjika. Vile vingine vitabaki vigumu. Waelezeni kwamba tango limejengwa kwa seli nyingi ndogo zisizoonekana kwa jicho, kila moja ina ngozi yake nyembamba na maji yake ndani, na chumvi inapokuwa nyingi nje, maji hupenya ngozi ile yakaifuata chumvi. Mtoto aliyeona hivyo hatasahau, na siku atakapoandaa kachumbari atajua kwa nini chumvi hutiwa mwisho.

Turudi jikoni. Katika kuchanganya, Bibi Benedict na waliomfuata hutumia uma tu. Jibini hutolewa mahali pa baridi mapema kidogo ipate kulainika, kisha hupondwa kwa uma, ndipo maji na vitu vingine hutiwa kidogo kidogo. Siku hizi nyumba nyingi za mijini zina mashine ya umeme ya kusagia, na kishawishi ni kikubwa. Msiitumie kwa kazi hii. Mashine huivunjavunja jibini mno, ikawa nyepesi kama mtindi, na hapo haitapakika.

Kitunguu nacho kina neno lake. Kijiko kimoja cha maji yake kinatosha, maana ukali wake huonekana zaidi kipako kikikaa. Aliyeonja mara tu baada ya kuchanganya akasema "hakisikiki," akaongeza, atasikitika jioni. Tena kuhusu chumvi: kijiko kizima cha chai chaonekana kwangu ni kingi, kwa kuwa jibini nyingine za dukani zina chumvi yake tayari. Nyumbani kwetu twaanza na nusu kijiko, twaonja.

Juu ya yale matone ya rangi, watu wa Louisville wenyewe hawapatani. Wako wasemao kwamba pasipo rangi hicho si Benedictine cha kweli. Na wako waonao aibu kukipaka chakula rangi, wakaacha ngozi kidogo ya tango katika kukwaruza ili ipatikane kijani chake. Mimi naona rangi haina madhara wala haina msaada. Ladha haijui habari zake. Lakini ukiitia, tia matone mawili kweli, kwa maana nimeona keki ya kijani yenye rangi ya mlango wa ofisi, na watoto walikataa kuila.

Iko pia hitilafu kubwa kuliko hiyo ya rangi. Watu wengi wa siku hizi, hata huko Kentucky, hawataki kuitupa nyama ya tango. Wanapenda kuitafuna na kuisikia inalia menoni. Basi wao hulimenya tango, wakalipasua katikati kwa urefu, wakakwangua mbegu kwa kijiko, maana penye mbegu ndipo penye maji mengi. Kisha hulikwaruza, wakalinyunyizia chumvi, wakaliacha nusu saa katika chujio, wakalifunga katika kitambaa na kulikamua kwa nguvu zote za mikono miwili, mara ya kwanza, na ya pili, na ya tatu, hata lisitoe tone. Ndipo huchanganya. Njia hii ni halali, na kwa kuliwa nyumbani siku ile ile ni tamu sana. Lakini kwa karamu, ambapo sinia litasubiri hotuba za wazee, mimi nachagua njia ya Bibi Benedict. Yeye alikuwa akiwapikia watu wengine kwa malipo, na chakula kilichoharibika kingemrudia.

Kuhusu kuchagua tango: nasema tango lile refu la kijani liliwalo bichi, wala si mumunya. Lichague changa na gumu, lisilopata manjano, maana lililokomaa lina mbegu nene. Kabla ya kulikwaruza, kata ncha ya upande wa kikonyo uionje. Matango mengine, hasa yaliyopata kiu shambani, huwa na uchungu, na uchungu huo hukaa zaidi upande wa kikonyo na chini ya ngozi. Wako wasuguao ncha iliyokatwa hata itoe povu, wakisema uchungu umetoka. Mimi naamini ulimi kuliko povu. Kama ncha ni chungu, kata zaidi, onja tena; kama lote ni chungu, litupe, usihurumie senti zake, maana tango moja chungu litaharibu jibini ya bei kubwa.

Na jibini yenyewe je? Hii ni jibini iliyoanza kutengenezwa huko Marekani katika miaka ya 1870, nayo yapatikana leo katika maduka makubwa ya Dar es Salaam, Nairobi, Mombasa na kwingineko. Lakini aliye mbali na mji, au aliyeona bei yake akarudi nyuma, asikate tamaa. Mama wa nyumbani kwetu alijaribu kwa maziwa, na baada ya kushindwa mara mbili akafaulu. Mara ya kwanza alitumia mtindi jinsi ulivyo, ukawa mwepesi mno. Mara ya pili aliuchuja saa mbili tu kwa haraka. Mara ya tatu alifanya hivi: alichemsha maziwa lita 2 yasiyotolewa malai, akayaacha yapoe hata kidole kiweze kuvumilia, akatia vijiko vitatu vya mtindi mzuri, akafunika usiku kucha. Asubuhi yakawa yameganda. Akatia katika kitambaa cheupe kilichochemshwa, akafunga pembe zake, akakitundika juu ya bakuli mahali pa baridi mchana kutwa. Maji ya manjano yalidondoka, na ndani ikabaki kitu cheupe, kizito, kinachosimama kijikoni. Kwa uzito si nyingi. Tusema theluthi moja ya maziwa yaliyotiwa, au pungufu. Ina uchachu kidogo kuliko ile ya dukani, lakini uchachu huo na tango vyapatana. Maji ya tango tulipunguza yakawa vijiko viwili, kwa kuwa jibini hii bado ina maji yake. Sisemi kwamba hii ndiyo jibini ya Marekani. Ni ndugu yake.

Hapa nawaomba akina mama, na akina baba waendao kununua maziwa, tusikilizane vizuri. Maziwa yasiyochemshwa yaweza kuleta ugonjwa wa brusela, ule wa homa zisizokwisha na maumivu ya viungo, na hata kifua kikuu cha ng'ombe. Kipako hiki hakipikwi. Hakuna moto utakaokuja baadaye kuua wadudu walioingia mwanzo. Kwa hiyo maziwa yachemke kwanza. Kadhalika mayonezi itengenezwayo nyumbani kwa mayai mabichi yaweza kuwa na vidudu viitwavyo salmonela, ambavyo huwaumiza zaidi watoto wadogo, wazee, na wanawake wenye mimba, na hao ndio wageni wa arusi zetu. Tumieni ile ya chupa, au iacheni kabisa mkatie vijiko viwili vya malai yaliyochemshwa. Na tango lioshwe kwa maji safi yanayotiririka kabla ya kumenywa, kwa sababu kisu kipitacho juu ya ngozi yenye udongo huuchukua udongo ule kikaingia nao ndani.

Tena chakula hiki kisikae nje. Kikae katika jokofu, na kikishatolewa kisipite saa mbili mezani; na siku ya joto kali, zaidi ya digrii 32, isipite saa moja. Najua desturi zetu: wageni waambiwa saa nane, waja saa kumi, na hotuba zaanza saa kumi na moja. Basi msiandae kwa saa ya barua ya mwaliko. Kipako kiwe tayari tangu jana katika bakuli lililofunikwa, kitakaa salama katika baridi, na kupaka mkate kuanze wageni wanapoanza kuketi. Wasichana watatu waliojipanga, mmoja apaka siagi, wa pili apaka jibini, wa tatu akata, watamaliza mikate miwili kabla ya wimbo wa pili. Asiye na jokofu wala barafu, na anayo mahema ya watu mia mbili juani, mimi nitamwambia wazi: andaa maandazi na karanga. Hayo hayana lawama.

Mkate uwe wa boflo wa jana, maana wa leo ni laini mno kwa kukata. Kila kipande kipakwe kwanza siagi nyembamba hata ifike pembeni kabisa. Wengi hudhani siagi ni kwa utamu tu. Kazi yake hapa ni kama lami juu ya dau, kuzuia maji yasiingie. Juu ya siagi tia kipako, kijiko kimoja na nusu kwa kila sandwichi. Funika kwa kipande cha pili, kandamiza kidogo kwa kiganja, ndipo ukate magamba ya pande nne kwa kisu chenye makali, ukikisogeza kama msumeno pasipo kukandamiza, na kukifuta kila mara. Kisha kata vipande vitatu kwa urefu. Aliyekata magamba kwanza akapaka baadaye, kipako chake hutoka pembeni na sinia huchafuka.

Kwa kipimo nilichokitaja hupatikana sandwichi kama 14, yaani vipande vya vidole 42. Wageni sitini, kwa vipande viwili viwili, wahitaji vipimo vitatu. Funika sinia kwa kitambaa kilicholowanishwa kikakamuliwa sana, mkate usikauke. Nacho kikiwa cha kudondosha maji, tumerudi kule kule tulikotoka.

Yule mama wa mwalimu mwenzetu nilimpelekea maneno haya kwa karatasi, miezi kadhaa baada ya arusi ile. Hakunijibu. Nikadhani nimemkosea kwa kumkumbusha. Kisha siku moja, walipokuja wazee wa upande wa mkwe wake kuzungumza habari ya mahari, tuliitwa mimi na mama wa nyumbani kwetu tuwe pamoja nao. Ikaletwa chai, na sinia moja dogo limefunikwa. Yule mzee wa kanzu alikuwapo. Alichukua kipande, akakigeuza chini juu akikitazama, akakila. Akachukua cha pili bila kukitazama. Mama yule alikuwa amesimama mlangoni, na safari hii hakuingia ndani.

Baadaye nilimwuliza alifanya nini na nyama ya tango iliyokamuliwa, maana nyumbani kwetu twagombana juu yake: mimi nasema wapewe kuku. Akanionyesha bakuli jikoni. Alikuwa ameichanganya na nyanya, ndimu na pilipili mbichi, na watoto walikuwa wameizunguka, wakila kwa ubwabwa.